Guru Anaenda Kingsbury

Tevin aliendesha gari pekupeku, leso imemkaza kichwa mpaka masikio, na kioo cha ndani amekigeuza kitazame paa.

Kioo alikigeuza mwenyewe, hakuna aliyemwambia. Aliona si adabu kumchungulia Guru.

Gari lilikuwa la shangazi yake Lydia, lile kubwa la kubebea wazee anaowahudumia. Mzee Harbans, baba yake Jasmeet, alikuwa amenunua nyumba Kingsbury na hakutaka kulala humo kabla Guru hajaibariki. Van ya hekalu la Hounslow ikagoma kuwaka. Tevin akajitolea kabla hajaombwa, maana Mzee alishamwambia wazi: "Unataka binti yangu. Sawa. Jibu nitakupa siku Guru akiwa nyumbani kwangu. Mbele yake sibahatishi."

Kwa hiyo Tevin alikuwa na safari moja tu ya kumvuta Guru upande wake.

Maagizo aliyapata kwa simu. Gari lioshwe. Mtu asivute sigara humo, asile nyama, pombe isisogee. Kiti cha nyuma kitandikwe shuka jeupe.

"Usiku huwa tunamlaza kitandani kwake," Mzee alieleza. "Asubuhi tunamwamsha, tunamvika. Baridi ikizidi tunamwongezea blanketi."

"Anatembea?"

"Tunambeba."

Tevin akamwonea huruma. Akamuomba shangazi na kiti cha magurudumu pia.

"Na Kiswahili anaelewa, Mzee?"

"Guru anaelewa kila lugha, kijana."

Jasmeet alijaribu kumwokoa. "But Tevin, unajua Guru wetu ni nani, eh?"

"Babe, tafadhali. Hii kitu nimesomea."

Alisomea kweli. Kwenye CV yake ameandika "alisoma historia ya dini, London". Hajawahi kuandika "alimaliza". Aliacha chuo katikati ya somo la Masingasinga, wiki ya Guru wa kumi, kwa sababu nje kulikuwa na mvua na kitanda kilikuwa na joto.

Guru alipotolewa hekaluni, Tevin alikuwa ameshalaza paji la uso juu ya usukani. Akasikia maji yakinyunyizwa njiani, nyayo tupu zikija, watu wakinong'ona jina la Mungu, "Waheguru, Waheguru". Mlango ukafungwa.

"Twende polepole," Mzee Harbans akasema kutoka nyuma. Kando yake mdogo wake, Balbir, alikuwa akimpepea Guru kwa usinga.

Tevin akajikohoza.

"Guru-ji, shikamoo. Mimi ni Tevin, wa Jasmeet. Yaani, bado si wa Jasmeet. Hilo ndilo nataka tuongee."

Kimya.

Wakafika Hanger Lane, na foleni ikampa nafasi ya kuonyesha usomi. Akamsimulia Guru habari za Maguru. Namna Nanak, yule wa kwanza, alivyoingia mtoni kule Punjab akapotea, watu wakamlilia, siku ya tatu akaibuka akisema hakuna Mhindu wala Mwislamu. Namna alivyoketisha tajiri na fukara sakafuni, wakala chakula kimoja. Namna wa tano alivyokusanya tenzi za waliomtangulia. Na wa kumi, sasa, huyo hakuwa mchezo: alisimama na upanga mbele ya umati akaomba kichwa cha mtu, na watu watano wakajitoa, mmoja baada ya mwingine.

"Mimi pia ningejitoa," Tevin akasema. "Labda wa sita."

Balbir akapaliwa.

"Halafu wa kumi, kabla hajafa, akamtaja atakayemfuata. Kutoka hapo, Guru-ji, mambo ya ukoo wenu mnayajua wenyewe."

Kimya tena. Tevin alianza kukipenda kimya kile. Kwa mama yake hajawahi kumaliza sentensi, na hapa ana mtu mzito namna hii, anamsikiliza bila kumkatiza.

"Nampenda, Guru-ji," akasema. "Sina cha kujisifia. Hata ugali wangu unaungua. Lakini Jasmeet ananicheka kila siku na bado hajaondoka. Mwambie Mzee aniachie. Wewe atakusikia."

Kila tuta alilipanda kama amebeba mayai. Madereva wa mabasi walimpigia honi, akawapungia mkono.

Kingsbury, Jasmeet alikuwa amesimama mlangoni. Tevin akaruka nje, macho chini, akakunjua kiti cha magurudumu, akakitia breki, akapiga mto makofi uvimbe vizuri. Akafungua mlango wa nyuma na kunyoosha mikono.

"Taratibu, Guru-ji. Nishike bega. Mguu wa kulia kwanza."

Hakuna aliyemshika. Jasmeet akatoa sauti kama birika linaloanza kuchemka.

"Kijana," Mzee Harbans akasema, akishuka pole pole, "nimemhudumia Guru tangu niko Kisumu, ndevu hazijaota. Hakuna mtu amewahi kumletea kiti." Sauti ilikuwa inatetemeka, na Tevin hakujua kama ni hasira. "Njia nzima nimengoja unyamaze ili nipate kucheka. Hukunyamaza."

Tevin akabaki anatazama vidole vyake vya miguu.

"Inua macho, mkwe."

Akainua. Kichwani pa mzee, juu ya mto, ndani ya hariri ya buluu, alikuwa ametulia yule ambaye Guru wa kumi alimtaja amfuate. Upepo ukainua pembe ya hariri, na Tevin akaona kurasa za kitabu.