Mtumishi wa Muda

Nilipofika dirishani kudai mafao ya mjane, aliyenijibu ni marehemu mume wangu.

Siku hizi madirisha ya serikali hayana watu, yana sauti. Sauti ya Elieza waliichukua akiwa hai, na kwa sheria mtumishi akifa, sauti yake hubaki kazini. Wa ajira ya kudumu akifa, mjane wake analipwa. Elieza alikuwa wa muda tangu hatujazaa, akazikwa wa muda.

“Mpendwa mteja,” alisema kwa upole wake uleule, “mjane wa mtumishi wa muda hana stahili.”

Mteja. Mimi ambaye aliniita Mama Namkunda hata siku tulizonuniana.

Nilimfuata msimamizi, kijana aliyevaa tai, ofisini kwake.

“Kama Elieza amekufa, mnyamazisheni. Kama yuko kazini, mlipeni.”

“Mama yangu, mkataba wa sauti unahuishwa kila mwezi. Kisheria bado ni wa muda.”

“Muda gani huo usiokwisha hata mtu akishaoza?”

Akaniomba nirudi dirishani, nikaulize huko.

Sikurudi. Nilikwenda nyumbani nimeuma meno. Nilimkuta binti yangu Namkunda amejikunja kwenye kochi, simu sikioni, anatabasamu. Alikuwa amepiga namba ya ofisi ile.

“Kata hiyo simu,” nilimwambia.

“Subiri, mama,” alininong’oneza. “Baba amesema nisikate, nitahudumiwa hivi punde.”