Tundu la Nne Darini

Muhsina alikuwa amelala kifudifudi darini, akigongomea vibao vya plastiki ili sufi ya kuzuia joto isizibe matundu ya hewa pembezoni mwa paa. Mikono ilimwasha mpaka viwikoni. Mumewe alikuwa kazini jangwani, na fundi aliyeahidi kuja hakutokea.

Alipoondoa sufi kwenye tundu la nne na kuanza kugongomea kibao chake, upepo uliingia na harufu ya vitunguu, na sauti ya mama wa nyumba ya pili akimsuta mwanawe jikoni.

"Usinchokoze weye. Nnakwambia tui halijachemka."

Muhsina aliganda, nyundo mkononi. Miezi minne tangu ahamie mtaa huu wa Waarabu, alikuwa akimwamkia mama yule kwa Kiarabu langoni, akidhani hajui lugha nyingine, kisha kila mtu na mlango wake. Tangu mamake mzazi afariki, hakuwa na wa kusemezana naye Kiswahili.

Kibao kilikuwa kimekaa sawa, umebaki msumari mmoja. Aliuacha. Alijivuta mpaka pua ikagusa zege la ukuta, akasogeza mdomo kwenye tundu.

"Hodi," alisema. "Hodi hapo, jirani."

Kule jikoni, mwiko ukasita ndani ya sufuria.