Kanga Aomba Shauri Lifungwe

Kanga hakuwa mgomvi, ila Nguchiro alipomlia nusu ya vifaranga, alikwenda kumshtaki. Siku ya hukumu akasimama mbele ya Hakimu Korongo, akaomba shauri lifungwe.

“Kuna aliyekutisha?” Korongo akauliza, kwa kuwa sheria inataka iulizwe hivyo.

“Hakuna, mheshimiwa. Ni kwa hiari yangu.”

“Na watoto waliobaki umemwachia nani?”

“Nguchiro amekaa nao. Amesema nisikawie.”

Korongo akawageukia waliohudhuria, uso umemkunjuka. “Mnaona? Jana mahasimu, leo wanaleleana watoto.” Akafunga shauri, kisha akaanza kuhutubia juu ya amani.

Barazani hapo hatoki mtu kabla hakimu hajainuka, na Korongo ndiyo kwanza alikuwa anasafisha koo.