Paka Shume na Mjusi wa Vichwa Viwili

Katika nyika ya Australia aliishi Mjusi Magamba, mzito wa mwendo, ambaye mkia wake mnene ulifanana kabisa na kichwa. Paka Shume, mgeni aliyeletwa huko na watu, alikuwa amekwisha kula mijusi wote wa jirani. Hata hivyo alijiona mstaarabu, kwa kuwa mama yake alizaliwa jikoni.

Asubuhi moja alimkuta Magamba akielekea shimoni, ambamo mkewe mja mzito alikuwa akimngoja.

"Leo ni zamu yako kuliwa," akasema Paka.

"Sawa, bwana mkubwa," akajibu Magamba. "Ila mimi ni mdogo. Kaka yangu yuko huko nyuma. Mstaarabu hali mdogo bila idhini ya mkubwa."

Paka akaenda nyuma, akauinamia mkia. "Shikamoo, kaka." Mkia ukanyamaza. Akarudi mbele. "Hajibu!"

"Ulipiga hodi?"

"La."

"Ndiyo maana!"

Paka akarudi nyuma akipiga hodi, na Magamba akajikokota mbele. Hodi ya tatu ilipoisha, mkia ukatoweka shimoni.

"Wameingia kushauriana," Paka akajisemea, akaketi kwa adabu.

Shimo lilikuwa na tundu jingine ng'ambo ya kilima. Magamba na mkewe wakatokea huko, wakaenda zao.

Jioni akaja Mbweha, naye ana njaa, akataka kuchimba.

"Huna adabu?" akafoka Paka. "Panga foleni!"

Mbweha akaona haya, akaketi nyuma yake.