Javiero, Si Xaveri

"Xaveri, nakubatiza..." padri alianza, akiinamisha jagi la maji.

Leokadia akakifunika kichwa cha mwanawe kwa kiganja. "Javiero, Padri! Nimesema mara ngapi?"

"Si jina lilelile, mama?" padri aliuliza.

"Xaveri linatosha," mama mkwe wake alidakia. "Ni la marehemu babu yake. Hilo lingine umeliokota wapi?"

"Kwa sista Mhispania aliyenizalisha. Alisema hata kwao ni nadra. Maana yake nyumba mpya."

"Nyumba mpya! Kwani yangu mnayolala inavuja?"

Hasira ilimpanda Leokadia. Katika nyumba hiyo aliomba ruhusa hata ya kuhamisha sufuria. Jina hili ndilo kitu cha kwanza alichojichagulia mwenyewe tangu aolewe. Akamgeukia mumewe. "Deusdedit, sema basi! Wewe ndiye baba."

Deusdedit alitazama viatu vyake, kisha mama yake.

"Javiero," alisema kwa sauti ndogo.

Mama yake akainuka, akatoka kanisani bila kugeuka. Leokadia alikuwa bado hajaondoa mkono. Padri akamimina, na maji yakaanza kupenya katikati ya vidole vyake, yakimtafuta mtoto.