Mpira Uliorudi

"Mnalima au mnacheza?" Ambindwile alifoka. Vijana wa kijiji cha ujamaa walishika raketi kama majembe, na mashindano ya Saba Saba yalishabisha hodi.

Yeye aliyewahi kulipwa kucheza tenisi Nairobi, leo anafundisha watu wasioweza kurudisha hata mpira mmoja, kwenye uwanja aliouchora kwa chokaa uani kwake!

Kwa hasira akapiga mpira wake. Ukapaa juu ya vichwa vyao, ukaingia migombani, karibu na jiko.

Paa! Ukarudi. Ulikuja chini chini, mkali, ukadunda juu ya mstari, ukampita.

Migomba ikatikisika. Akauona mkono wenye mwiko uliotapakaa ugali, kabla mke wa mwanawe hajajificha. Mila za Kinyakyusa hazikumruhusu kuonana na baba mkwe wake, na tangu aolewe hawakuwa wametazamana usoni.

"Jamani! Katika watu wote, yule?"

Vijana wakangoja. Ambindwile akaushika mstari pale mpira ulipodunda, vidole vikabaki na chokaa.

"Leteni blanketi," akasema kwa uchovu. "Litundikeni juu ya wavu. Halafu mwambieni aje upande wa pili, na mwiko wake."