Kinu cha Siku

Jumatano, tarehe 12 Oktoba 1949, ndiyo siku mambo yote yalipoharibika, na yalianza kuharibika alfajiri, kwa sababu ya shoka.

Mikidadi alikuwa analiegemeza nyuma ya mlango kila jioni. Asubuhi ile halikuwepo. Akamgeukia mkewe, na hapo akakuta la ajabu zaidi. Swaumu alilala na nywele zimesukwa. Sasa kichwa ni kipara kitupu, na kajifunga kaniki. Amekaa ukingoni mwa kitanda anamtazama mumewe kama mtu aliyetoka safari ndefu. Akanyoosha mkono, akampapasa kifua, ubavu kwa ubavu.

Mikidadi hakuwa na nafasi ya mapapaso. Honi ya kampuni ilishalia. Aliuliza shoka liko wapi. Swaumu akamwomba leo asiende kazini, basi. Akamzaba kofi lililompeleka chini, akatoka kwenda kuazima shoka kwa shemeji yake Isihaka, kambi ya reli. Huku nyuma alimsikia jirani yao Biasha akimtania Swaumu: mwenzetu umenyoa kama umeingia eda, kafa nani?

"Leo hafi mtu," Swaumu alijibu.

Kampuni ilikuwa inang'oa msitu wote ule wa kuelekea Ruangwa ili ipande karanga zake. Matrekta mawili yanakokota mnyororo mmoja, mnene kama paja, miti inalala. Kazi ya Mikidadi ilikuwa kufuata nyuma na shoka, akate mizizi iliyokataa kung'oka.

Alipofika na shoka la kuazima, mashine zilikuwa zimezimwa. Watu hawakumtazama usoni. Wakamweleza kwamba Swaumu alitokea mbio mbele ya matrekta, anapunga mikono, anapiga kelele ambazo hakuna aliyezisikia kwa mngurumo. Msimamizi akaamuru kazi isisimame kwa ajili ya mwanamke kichaa. Mnyororo ukanasa kwenye kisiki cha mpingo, ukakatika, ukarudi. Ulimpata kiunoni. Miguu waliiokota upande huu wa tuta, kiwiliwili upande wa pili.

Wakaomba lori la kumpeleka kwao Nkowe. Wakanyimwa, lori lilikuwa linafuata bia za mabwana. Akazikwa palepale kambini, kwenye udongo wa watu wengine.

Na dawa ilikuwepo. Hilo ndilo lililomchoma Mikidadi kuliko kaburi lenyewe. Miaka ile dunia ilikuwa imeshajua kugeuza siku, na Nachingwea kulikuwa na kinu chake, ndani ya banda la mabati karibu na stesheni. Mmoja anakaa kwenye kiti, mwingine anazungusha mpini, na wote wawili wanarudi alfajiri ya jana jinsi walivyo, na vidonda vyao na nguo zao. Wengine wote hawajui kitu. Bwana mkubwa alilala mzima akaamka na mkono umefungwa plasta, watu wakaambiana: huyo kageuza. Mabwana waligeuza mvua ikiharibu karanga zao. Waligeuza pikipiki zikigongwa. Mtu mweusi akisogelea lile banda ni viboko.

Alhamisi mchana Mikidadi aliingia kwenye kihenge kuchota mtama wa kuwapikia waliokuja msibani. Chini kabisa, mkono wake ukagusa chuma. Lilikuwa shoka lake. Hakujiuliza nani kalificha. Alilifuta vumbi, akashika njia ya stesheni.

Mlinzi wa pale mlangoni hakuwahi hata kusimama. Alipigwa kisogo cha shoka, akalala. Ndani alikuwemo Fransisko, mzungusha mpini, mtu mpole aliyelelewa misheni.

"Nirudishie siku ya jana," Mikidadi alimwambia. "Mke wangu kauawa na mnyororo wenu."

Fransisko alimkodolea macho. "Mke? Kwenye mnyororo kafa mwanamke?"

"Zungusha."

"Kaka, siku haigeuki mara mbili. Ya jana imeshageuzwa."

Mikidadi alicheka kicheko kibaya. Kumbe. Mkewe anakatwa vipande viwili, na mabwana wameshaitumia siku yake, pengine kwa chupa iliyomwagika. Akauliza ni bwana gani. Fransisko akasema kaapa hatamtaja, maana wangemnyonga. Shoka likashuka begani, mfupa ukalia. Mikidadi akauliza tena. Fransisko akatikisa kichwa, machozi yanamtoka, na shoka likashuka kwenye goti. Damu iliruka mpaka kwenye mabati.

Wamekula ardhi yetu, Mikidadi alisema, wamekula wake zetu, sasa wanakula na siku zetu, na wewe kibaraka ndiye unayewapakulia. Akaliinua shoka kwa mikono miwili.

"Si bwana," Fransisko alisema kwa haraka, damu mdomoni. "Nilifanya kwa siri, nilimhurumia. Alikuwa mjane, alilia hapohapo uliposimama..."

Shoka lilikuwa limeshashuka.

Askari walipofika walimkuta Mikidadi amepiga magoti kwenye damu, kaikamata maiti mabegani, anaitikisa, anaiuliza neno moja hilohilo:

"Mjane wa nani?"